Lord Mansfield: Jaji Mskoti aliyemwachia huru mtumwa London, huku nyumbani akimlea Dido

Juni 22, 1772. Ukumbi wa Westminster jijini London umejaa watu. Miongoni mwao wamo Waafrika wanaoishi jijini humo, waliokuja kusikia jambo moja tu: je, James Somerset atarudishwa mikononi mwa bwana wake, au atatoka mahakamani akiwa mtu huru?

Jaji anayetoa hukumu ni mzee wa miaka 67, mzaliwa wa Uskoti. Jina lake ni William Murray, lakini historia inamjua zaidi kama Lord Mansfield.

Hukumu ni fupi. Kwa maoni yake, utumwa unachukiza kiasi kwamba hauwezi kusimama mahakamani bila sheria iliyotungwa rasmi kuuhalalisha. England haina sheria inayomruhusu bwana kumkamata mtu na kumsafirisha ng'ambo kwa nguvu. Somerset anaachiwa.

Habari zilisambaa haraka, na wengi wakaamini kwamba kuanzia siku hiyo utumwa umekufa England. Kumbe bado. Na aliyeijua vizuri mipaka ya hukumu ile ni jaji mwenyewe, ambaye nyumbani kwake alikuwa akimlea binti wa miaka kama 11 aliyezaliwa na mama mtumwa.

Alikuwa nani huyu jaji, na kwa nini jina lake bado linatajwa hadi leo, hata katika mahakama za Afrika Mashariki?

Jina kubwa, mfuko mtupu

William Murray alizaliwa Machi 2, 1705 huko Scone, karibu na mji wa Perth, Uskoti. Baba yake alikuwa Viscount Stormont. Cheo kilikuwa kikubwa, pesa hazikuwa nyingi. Tena William alikuwa mtoto wa nne wa kiume, yaani hata hicho kidogo kilichokuwepo kisingemfikia yeye.

Kulikuwa na tatizo jingine zito zaidi: siasa.

Mwaka 1688 Mfalme James wa ukoo wa Stuart alikuwa ameng'olewa madarakani. Waskoti wengi, ukoo wa Murray ukiwemo, walibaki na mapenzi na wafalme hao waliofukuzwa. Kaka yake William, aliyeitwa James, alikwenda kabisa kumtumikia mwana wa mfalme huyo uhamishoni na akapewa cheo huko.

Fikiria sasa: unataka kupanda ngazi serikalini London, na kaka yako yuko upande wa wanaotaka kuipindua serikali hiyo hiyo. Kivuli hicho kilimfuata William karibu maisha yake yote.

Mwaka 1718, akiwa na miaka 13, alipandishwa farasi mdogo na kutumwa London kusoma Westminster School. Ni safari ya zaidi ya kilomita 600, iliyomchukua wiki kadhaa barabarani. Hakurudi tena kuishi Uskoti.

Soko ambalo wengine hawakuliona

Mwaka 1723 aliingia chuo cha Christ Church, Oxford. Huko alishinda tuzo ya shairi la Kilatini akimshinda kijana mwingine aliyeitwa William Pitt. Pitt alikuja kuwa mmoja wa wanasiasa wakubwa wa Uingereza, na wawili hao walipambana bungeni kwa miaka mingi.

Alitaka kuwa wakili lakini hakuwa na ada. Familia ya rafiki yake, ukoo wa Foley, ikamsaidia kwa pauni 200 kwa mwaka. Mwaka 1730 akapokelewa rasmi kuwa wakili. Inasimuliwa kwamba mshairi maarufu Alexander Pope, ambaye alikuwa rafiki yake, alimfanyisha mazoezi ya kuzungumza mbele ya kioo.

Mwanzoni kesi zilikuwa chache. Kilichomtoa ni Uskoti wake.

England na Uskoti ziliungana mwaka 1707 na kuwa na bunge moja, lakini Uskoti ilibaki na mahakama na sheria zake. Rufaa za kesi za madai kutoka Uskoti sasa zilikuwa zinakuja London, kwenye Baraza la Malodi. Mawakili wengi wa England hawakuzielewa sheria za Uskoti. Murray alizielewa. Basi wateja kutoka kwao wakaanza kumtafuta.

Mwaka 1737 alipata kesi iliyompa jina. Mwaka mmoja kabla, umati wa watu Edinburgh ulivamia gereza, ukamtoa Kapteni John Porteous na kumnyonga. Bunge lilitaka kuiadhibu vikali Edinburgh nzima. Murray akautetea mji, na adhabu ya mwisho ikawa nyepesi kuliko ile iliyopangwa mwanzo.

Mwaka 1738 alimwoa Lady Elizabeth Finch, binti wa familia yenye mizizi serikalini. Hawakujaliwa watoto. Jambo hilo lilikuja kuwa na maana kubwa baadaye.

Kuwashtaki watu wa kwao

Mwaka 1742 Murray aliingia bungeni kama mbunge wa Boroughbridge, na papo hapo akateuliwa kuwa Wakili Mkuu wa Serikali.

Miaka mitatu baadaye, Uskoti ikawaka moto. Mjukuu wa mfalme yule aliyeng'olewa, Charles Edward Stuart, alitua huko na kukusanya jeshi lililofika hadi Derby, katikati ya England, kabla ya kurudi nyuma. Aprili 1746 jeshi hilo lilisambaratishwa kwenye vita vya Culloden.

Mabwana waliouongoza uasi wakafikishwa mbele ya Baraza la Malodi. Kati ya waliosimama upande wa mashtaka alikuwa Murray, Mskoti ambaye kaka yake wa damu alikuwa akimtumikia baba wa kiongozi wa uasi huo.

Aliifanya kazi hiyo bila kutetereka. Mmoja wa walioshtakiwa, Lord Lovat, alikatwa kichwa Aprili 1747. Ndiye mtu wa mwisho kuuawa kwa njia hiyo nchini Uingereza.

Hata hivyo maneno hayakuisha. Mwaka 1753 alituhumiwa kwamba enzi za ujana wake aliwahi kuinua glasi na kunywa kwa heshima ya mfalme aliye uhamishoni. Tuhuma hizo zilichunguzwa ngazi ya juu serikalini na akasafishwa. Lakini ujumbe ulikuwa umefika: kwa wapinzani wake, alibaki kuwa Mskoti wa kutiliwa shaka.

Pengine hapo ndipo tabia yake ilipojengeka. Katika siasa na baadaye katika sheria, Murray alikuwa mtu wa kupima kila hatua, na hakupenda kuruka bila kujua atatua wapi.

Serikali yaanguka, yeye apanda

Mwaka 1754 akawa Mwanasheria Mkuu wa Serikali na mtetezi mkuu wa serikali ndani ya bunge. Mpinzani wake pale? Pitt yule yule wa Oxford.

Mwaka 1756 Jaji Mkuu wa Mahakama ya Mfalme alifariki. Murray akakitaka kiti hicho, pamoja na cheo cha ulodi. Waziri Mkuu, Duke wa Newcastle, alimbembeleza abaki bungeni na kumwahidi mambo mengi. Murray akakataa.

Novemba 8, 1756 aliapishwa kuwa Jaji Mkuu na kuitwa Lord Mansfield. Siku tatu baadaye Newcastle, aliyebaki bila mtetezi wake bungeni, akajiuzulu.

Mansfield alikikalia kiti hicho kwa karibu miaka 32.

Bima yako na ngome ya Sumatra

London ya wakati huo ilikuwa inakua kwa kasi kibiashara. Meli zilikwenda kila kona ya dunia, lakini sheria za England zilikuwa za zamani, zilizotungwa zaidi kwa ajili ya migogoro ya ardhi.

Mansfield alifanya jambo rahisi: aliwasikiliza wafanyabiashara. Aliunda majopo maalumu ya wafanyabiashara wa London kuamua kesi za kibiashara, akawaalika mezani kwake, akajifunza desturi zao, kisha akazigeuza kuwa kanuni za sheria. Kesi ziliamuliwa haraka, na watu walijua cha kutegemea.

Mfano maarufu ni kesi ya Carter dhidi ya Boehm ya mwaka 1766. George Carter alikuwa gavana wa Fort Marlborough, ngome ya Waingereza kwenye kisiwa cha Sumatra. Alikata bima dhidi ya ngome hiyo kutekwa na adui kutoka Ulaya. Mwaka 1760 Wafaransa wakaiteka kweli. Mtoa bima akagoma kulipa, akidai Carter alimficha udhaifu wa ngome hiyo.

Mansfield alisema mkataba wa bima unasimama juu ya uaminifu wa hali ya juu. Anayekata bima hatakiwi kuficha jambo muhimu analolijua yeye peke yake. Lakini uaminifu huo unamfunga mtoa bima pia: hawezi kupokea pesa kimya kimya, kisha ajifanye kushangaa kwa mambo ambayo angeweza kuyajua mwenyewe. Carter akashinda.

Hapa ndipo Afrika Mashariki inapoingia. Kenya na Tanganyika zilirithi sheria za mahakama za England wakati wa ukoloni: kwa Kenya tarehe rasmi ya urithi huo ni Agosti 12, 1897, na kwa Tanganyika ni Julai 22, 1920. Kanuni ya uaminifu kwenye bima ilikuja humo humo. Ukijaza fomu ya bima ya gari Nairobi au Dar es Salaam na kuulizwa kama umewahi kupata ajali, swali hilo lina mizizi kwenye ngome ya Sumatra.

Sio kila mtu alimpenda

Mansfield hakuacha siasa alipovaa joho. Kwa miaka kadhaa alikaa kwenye baraza la mawaziri huku akiwa Jaji Mkuu, jambo ambalo leo lingezua kelele nchi nzima. Makoloni ya Marekani yalipoanza kuasi, yeye alikuwa upande wa msimamo mkali.

Waandishi wa habari nao hawana sababu kubwa ya kumpenda. Kwenye kesi za kashfa dhidi ya serikali, alishikilia kwamba kazi ya jopo la raia 12 ni kuamua tu kama mshtakiwa kweli alichapisha maneno yale. Kama maneno yenyewe ni kosa, hilo aamue jaji. Bunge lilikuja kuibadilisha kanuni hiyo mwaka 1792, miaka minne baada ya yeye kustaafu.

Kwa upande wa dini alikuwa tofauti. Wakatoliki na Waprotestanti waliokuwa nje ya kanisa la serikali walibanwa na sheria kali, na Mansfield mara nyingi alizitafsiri sheria hizo kwa namna ya kuwapa nafuu. Msimamo huo ulikuja kumgharimu nyumba.

Binti wa Kenwood

Mpwa wa Mansfield, John Lindsay, alikuwa ofisa wa jeshi la majini aliyehudumu katika bahari ya Karibi. Mwaka 1761 alizaa mtoto na Maria Belle, mwanamke Mwafrika aliyekuwa mtumwa. Mtoto huyo aliitwa Dido Elizabeth Belle.

Lindsay alimpeleka mtoto England, na Dido akalelewa na Mansfield na mkewe, wasio na watoto, kwenye jumba lao la Kenwood, kaskazini mwa London. Walikuwa wanamlea pia mtoto mwingine wa ndugu, Lady Elizabeth Murray, aliyekuwa amefiwa na mama.

Wasichana hao wawili walikua pamoja kama dada. Kuna picha maarufu ya miaka ya 1770 iliyochorwa na Mskoti David Martin inayowaonyesha wote wawili kwenye bustani ya Kenwood. Elizabeth ameshika kitabu. Dido amevaa kilemba na hariri, amebeba matunda, anatabasamu, kidole kikiwa shavuni. Picha hiyo iko Scone, pale pale alipozaliwa Mansfield.

Lakini usidhani walikuwa sawa kwa kila kitu. Thomas Hutchinson, aliyewahi kuwa gavana wa Massachusetts, alialikwa Kenwood mwaka 1779. Aliandika kwenye shajara yake kwamba Dido hakuketi mezani na wageni wakati wa chakula. Alikuja baadaye, wakati wa kahawa, akakaa na akina mama. Kazi yake ilikuwa kusimamia maziwa na kuku wa nyumba hiyo, na baadaye alimsaidia mzee kuandika barua zake.

Alipendwa, hilo halina ubishi. Lakini alipendwa akiwa amewekwa nafasi yake.

Somerset atoroka

James Somerset alizaliwa Afrika Magharibi, akauzwa akiwa mtoto, na mwaka 1749 akanunuliwa huko Virginia na Charles Stewart, mfanyabiashara ambaye naye alikuwa Mskoti. Mwaka 1769 Stewart alisafiri naye hadi England.

Mwaka 1771 Somerset alibatizwa London. Oktoba mwaka huo aliondoka kwa Stewart na kukataa kurudi. Novemba 26 akakamatwa, akafungwa minyororo ndani ya meli iliyoitwa Ann and Mary, tayari kupelekwa Jamaica kuuzwa.

Wazazi wake wa ubatizo hawakukaa kimya. Walikwenda kwa Mansfield kuomba amri ya habeas corpus. Hii ni amri inayomtaka mtu anayemshikilia mwingine amlete mbele ya mahakama na aeleze ana haki gani ya kumshikilia. Wakenya wanaifahamu: Katiba yao ya mwaka 2010 inasema haki ya kupata amri hiyo haiwezi kuwekewa mipaka.

Mansfield alitoa amri, na Somerset akatolewa melini. Mwanaharakati Granville Sharp alimsaidia kupata mawakili. Upande wa pili, wenye mashamba ya miwa ya Karibi walibeba gharama za Stewart, kwa sababu walijua uzito wa kesi hiyo.

Mansfield hakutaka kabisa kuitolea hukumu. Aliwashauri wamalizane nje ya mahakama: Stewart amwachie tu Somerset, na swali lenyewe lisijibiwe. Aliwaambia pia wafanyabiashara kwamba kama wanaona jambo hilo ni la lazima, waende bungeni. Mahakamani ilitajwa hesabu ya watumwa 14,000 au 15,000 waliokuwa England. Kwa pauni 50 kila mmoja, hiyo ilikuwa zaidi ya pauni 700,000. Pesa ndefu.

Hakuna aliyekubali kumalizana. Ndipo ikaja hukumu ya Juni 22.

Mkulima mmoja kutoka Jamaica alinong'ona kwamba Somerset lazima angeshinda, kwa sababu jaji ana mtu mweusi nyumbani kwake anayemtawala. Hakuna ushahidi kwamba Dido aliishawishi hukumu ile. Lakini maneno hayo yanaonyesha kwamba London nzima ilijua nani anaishi Kenwood.

Nini hasa kiliamuliwa?

Swali hili wanasheria wamelijadili kwa miaka mingi.

Hukumu ilisema bwana hawezi kumtoa mtu England kwa nguvu. Haikusema waziwazi kwamba kila mtumwa anayekanyaga England ni huru. Haikuagiza walipwe mishahara. Na haikugusa makoloni, ambako mamia ya maelfu ya watu walikuwa bado mashambani.

Waafrika wa London waliielewa kwa namna yao, na walikuwa na haki ya kufurahi. Siku chache baadaye watu karibu 200 walikusanyika kwenye karamu kusherehekea. Wapo waliosikia habari hizo wakaondoka kwa mabwana zao bila kuaga.

Lakini visa vya watu kukamatwa na kusafirishwa havikwisha mara moja. Na mwaka 1785 Mansfield mwenyewe alilisema jambo hilo wazi. Charlotte Howe, mwanamke mweusi aliyeletwa England kutoka Marekani, aliomba msaada wa maskini baada ya bwana wake kufariki. Mansfield akaamua kwamba hastahili, kwa sababu hakuwahi kuajiriwa kwa mkataba. Akaongeza kwamba kesi ya Somerset haikuamua chochote zaidi ya kumzuia bwana kumtoa mtumwa nchini kwa nguvu.

Uskoti, nyumbani kwao, ilikwenda mbali kumzidi. Mwaka 1778, katika kesi ya Joseph Knight dhidi ya John Wedderburn, mahakama kuu ya Edinburgh iliamua kwamba utumwa hautambuliwi kabisa na sheria za Uskoti.

Usiku wa moto

Juni 1780 London ililipuka. Bunge lilikuwa limewapunguzia Wakatoliki baadhi ya vikwazo, na umati ulioongozwa na Lord George Gordon ukaingia mitaani kupinga. Mansfield, aliyejulikana kwa kuwalegezea Wakatoliki kamba, alikuwa kwenye orodha yao.

Usiku wa Juni 6 kuamkia 7 umati ulivamia nyumba yake ya mjini, Bloomsbury Square. Yeye na mkewe walitorokea mlango wa nyuma. Nyumba ikachomwa, na pamoja nayo maktaba yake, barua na maandishi ya kazi ya miaka mingi. Kundi jingine likaelekea Kenwood. Inasimuliwa kwamba mwenye baa ya Spaniards Inn, iliyo jirani, aliwapa pombe ya bure hadi askari wakafika.

Mansfield hakudai fidia. Na miezi michache baadaye, Februari 1781, ni yeye aliyeongoza kesi ya uhaini ya Gordon. Gordon akaachiwa.

Zong: watu kama farasi

Kisha ikaja kesi ambayo hadi leo inafanya jina la Mansfield lizungumzwe kwa uchungu.

Mwaka 1781 meli ya Zong, mali ya wafanyabiashara wa Liverpool, ilitoka pwani ya Ghana ya leo kwenda Jamaica ikiwa imebeba Waafrika 442. Ilijaa kupita kiasi, watu wakaanza kufa kwa magonjwa, na manahodha wakakosea njia. Kuanzia Novemba 29, mabaharia waliwatupa baharini watu wapatao 130 wakiwa hai.

Sababu waliyoitoa ni upungufu wa maji. Sababu iliyo kwenye hesabu ni hii: aliyekufa kwa ugonjwa halipiwi bima. Aliyetupwa ili kuiokoa meli analipiwa, pauni 30 kwa kila mtu.

Wenye meli wakadai pesa zao, na jopo la raia likawapa ushindi. Watoa bima wakaomba kesi irudiwe, na Mei 1783 ombi hilo likafika mbele ya Mansfield na majaji wenzake.

Mansfield, mtaalamu mkuu wa bima wa zama zake, alieleza kwamba kwa jopo lile kesi hiyo ilikuwa sawa na ya farasi waliotupwa baharini, ingawa alikiri inashtua. Hata hivyo ushahidi mpya ulionyesha kwamba mvua ilinyesha na kwamba maji yalikuwepo. Akaamuru kesi isikilizwe upya. Hakuna kumbukumbu inayoonyesha kwamba iliwahi kurudiwa.

Olaudah Equiano, Mwafrika aliyewahi kuwa mtumwa, ndiye aliyempelekea Granville Sharp habari za Zong. Sharp alihangaika ili mabaharia washtakiwe kwa mauaji. Hakuna hata mmoja aliyeshtakiwa.

Filamu ya Belle ya mwaka 2013, iliyoongozwa na Amma Asante, inaonyesha Dido akiwa karibu sana na kesi hiyo. Hiyo ni sinema. Kwenye kumbukumbu za kesi jina lake halimo. Tunachokijua ni kwamba jaji aliyezungumzia farasi mahakamani alikuwa akirudi nyumbani alikokuwepo Dido, binti ambaye mama yake angeweza kuwa ndani ya meli kama ile.

Mstari mmoja kwenye wosia

Mke wa Mansfield alifariki mwaka 1784. Elizabeth aliolewa mwaka uliofuata na kuondoka. Dido akabaki na mzee. Mansfield alistaafu mwaka 1788 na kufariki Machi 20, 1793, akiwa na miaka 88. Alizikwa Westminster Abbey.

Kwenye wosia wake, Elizabeth aliachiwa pauni 10,000. Dido aliachiwa pauni 100 kila mwaka maisha yake yote, na baadaye mzee akaongeza jumla ya pauni 500. Tofauti ni kubwa, na inaeleza yenyewe.

Lakini wosia huo una kitu kingine ambacho Elizabeth hakukihitaji: mstari unaothibitisha kwamba Dido ni mtu huru.

Kama hukumu ya Somerset ingekuwa imeufuta utumwa England, mstari huo usingekuwa na kazi. Mtu aliyeandika hukumu ile ndiye pia aliyeandika wosia huu. Alijua alichokiamua na alichokiacha. Kwa maelfu ya watu wengine alitoa kanuni nyembamba na kuwaachia wengine waipanue. Kwa huyu mmoja, hakutaka kubahatisha.

Desemba mwaka huo huo Dido aliolewa na John Davinier. Walizaa watoto watatu wa kiume. Alifariki mwaka 1804, miaka mitatu kabla ya Uingereza kupiga marufuku biashara ya watumwa.

Bunge lilitunga sheria ya kufuta utumwa katika makoloni mengi ya Uingereza mwaka 1833, miaka 40 kamili baada ya kifo cha Mansfield. Ilianza kazi Agosti 1, 1834.